Pigo la Saba

Dada yangu mpendwa,

Anaona, ndiyo. Hilo ndilo jibu nililokupa kwenye simu Jumapili, uliponiuliza mara mbili kama baba yako anaona vizuri, na mara zote mbili nikakujibu haraka haraka kama mtu anayeuza kitu kibovu. Haya, nakujibu tena. Anaona jua likichomoza, na anaona jua likizama. Katikati ya hayo mawili, Dada, haoni kitu. Nimeanza na hilo kwa makusudi, maana najijua: ningeanza na salamu ningeogopa njiani, nikamaliza na salamu.

Sasa salamu. Hujambo wewe? Shemeji hajambo? Na wale watukutu wawili, bado wanapigana kila asubuhi kuhusu kiatu cha nani ni kipi? Duka la dawa linaendaje? Sisi huku hatujambo, kwa maana kwamba tunapumua na tunakula. Mimi afya yangu ni nzuri isipokuwa magoti, ambayo tangu wiki iliyopita hayakubali kusimama mpaka yashauriane kwanza.

Nimekuandikia barua, mimi niliyeacha shule darasa la tano, kwa sababu simu zako zote Mjomba, huyo baba yako, anakuwa pembeni. Masikio yake siku hizi yamekuwa makali, anasikia sarafu ikidondoka kwenye zulia. Barua hii anakuletea yule nesi jirani yetu, anasafiri kesho Ijumaa. Nimemwapisha aiweke mkononi mwako, si mkononi mwa shemeji. Usiisome mbele ya wateja. Funga mlango, kaa, soma.

Sina haja ya kukuambia baba yako ni nani, lakini nikiogopa huwa nahesabu mambo yake kama watu wengine wanavyosali, kwa hiyo nivumilie. Alikuwa mpanga herufi kiwandani kwa wachapaji, vidole vyeusi kwa wino, akijifunza chesi wakati wa chakula cha mchana kwenye ubao uliochorwa nyuma ya boksi. Ubingwa wa nchi kachukua mara tisa. Akiwa na miaka thelathini na nne akawa Grandimasta, wa kwanza kwetu, na cheo hicho cha juu kabisa katika chesi hakipewi mtu kwa kuwa na sura nzuri: lazima uvuke kiwango chao katika mashindano matatu tofauti, mbele ya vigogo wa nje. Ya tatu alicheza na homa, kajifunika blanketi, mpinzani akamwomba wagawane sare, akakataa, akashinda, ndipo akaenda kutapika. Magazeti yalimwita Polepole, kwa sababu hajawahi kukimbizwa na saa hata siku moja.

Na lile onyesho la kitambaa unalikumbuka kuliko mimi, ulikuwa na miaka sita, ulishika jagi la maji. Mama yako, Mungu amrehemu, alivua kilemba chake akamfunga nacho macho mbele ya ukumbi mzima. Watu wanane wakakaa na mbao nane. Yeye amewapa mgongo. Kila mmoja anataja hatua yake, yeye anajibu, mbao zote nane ziko kichwani. Kashinda saba, kapata sare moja na posta masta, na mpaka leo anadai ile sare alimpa kwa sababu mkewe alikuwa mjamzito. Akili ile, Dada. Nakuomba uishike hiyo habari, kwa sababu ndiyo iliyotuingiza katika haya yote. Safari hii kitambaa hakivuliki.

Yalianza miaka mitatu iliyopita. Kwanza akasema balbu za siku hizi hazina nguvu, akagombana na muuza duka wa pale kona mpaka akaitwa mchawi wa umeme. Kisha akasema magazeti yanabana wino. Mimi si unajua biashara yangu? Miwani ya mtumba, sinia langu pale kwenye ngazi za benki. Kila jioni nikawa namletea ya kujaribu. Alijaribu ishirini na mbili. Ya ishirini na tatu akaivaa, akaitazama dari, akatikisa kichwa, akasema hii angalau. Dada, ile ilikuwa fremu tupu. Vioo vilikuwa vimedondoka asubuhi, nilikuwa nimeisahau mfukoni. Nilicheka, maana mimi hucheka kwanza. Kisha nikaingia jikoni nikakaa chini sakafuni.

Nikampeleka kwa daktari wa macho, kwa hila, nikamdanganya tunaenda kuangalia redio. Daktari akasema ni ugonjwa wa mtoto wa jicho, macho yote mawili, umekomaa, unatolewa kwa muda usiofika saa moja na mtu anarudi nyumbani siku ileile. Mjomba alipolisikia neno kutoa akasimama, akaaga kwa heshima, akafungua mlango wa kabati la daktari akaingia humo. Sikucheka hapo. Unajua kwa nini anaogopa kisu. Mama yako naye aliingia chumba cha upasuaji kwa kitu kidogo, tukaambiwa robo saa, tukaletewa shuka. Njiani kurudi aliniapisha nisikwambie. Akasema yule mtoto wangu akijua atanifunga kamba anipeleke. Nikaapa. Kiapo changu mimi huwa hakina thamani kubwa sokoni, lakini hiki nimekishika miaka mitatu, na ndicho kinachonila.

Utauliza, asiyeona alichezaje? Alicheza hivi. Hatua zake mwenyewe anazijua, na ubao mzima uko kichwani. Kinachomsumbua ni hatua ya mpinzani. Sasa katika chesi kuna adabu moja: kama kete imekaa upande unaruhusiwa kuiweka sawa, ila useme kwanza “narekebisha”, vinginevyo ukiigusa lazima uicheze. Mjomba akawa mzee wa kurekebisha. Mpinzani akicheza, yeye anasema narekebisha, anapitisha vidole juu ya ubao kama anavyofanya mpanga herufi, anajua kila kitu kimekaa wapi. Watu wakaona ni uzee, uchafu unamkera. Vijana wa klabu wakamtania eti Babu Fagio. Kashinda hivyo mwaka mzima, Dada. Mwaka mzima kwa vidole!

Yakaja mashindano makubwa ya mwaka huu. Ukumbini wana ubao mkubwa ukutani, wa mbao, wenye misumari midogo, ili watazamaji waone mchezo wa meza ya kwanza. Lazima awepo mtu wa kutundika kete za plaiwudi kila hatua inapochezwa. Mwamuzi alitaka mtu mrefu asiyehitaji kiti. Urefu huu mliokuwa mnaucheka, mkiniita Mlingoti, ndio ulionipatia kazi. Nikafurahi, chai ya bure na kiti karibu na feni.

Meza ya kwanza, mchezo wa mwisho, Mjomba akapangwa na mwanafunzi wake mwenyewe, yule tunayemwita Kimya. Unamkumbuka, yule aliyekuwa anakula kwetu kila Jumamosi halafu haagi. Kimya sasa ni mtu mzima, ana mke, na alikuwa amebakiza nusu pointi tu apate kiwango chake cha tatu naye awe Grandimasta. Waliomleta, watu wa klabu yake, wakaenda kwa mwamuzi mkuu asubuhi wakasema mzee anawavuruga wachezaji kwa kurekebisha kwake. Mwamuzi akaja mezani, akamwambia Mjomba kwa upole kwamba leo hakuna kurekebisha, mara moja tu itakuwa onyo, mara ya pili amepoteza mchezo. Mjomba akajibu sawa, mwanangu. Lakini mimi nilikuwa naiona mikono yake chini ya meza. Ilikuwa inashikana kama watoto wawili waliopotea sokoni.

Wazo lilikuwa langu. Usimlaumu yeye hata kidogo. Tulikuwa na nusu saa. Nikamchukua maliwatoni, nikamwambia Mjomba, mimi si niko ukutani na misumari? Kete haikai vizuri mpaka uigonge. Nitagonga safu iliyosimama kwanza, moja mpaka nane, nitulie kidogo, kisha nigonge mstari uliolala, moja mpaka nane. Wewe utajua kete yake imekwenda wapi, na kichwa chako kitakuambia ni kete ipi. Akafunga bomba lililokuwa linadondosha maji. Akauliza, na hatua za kucheza? Nikamwambia Mjomba, mimi chesi najua farasi tu, na farasi mwenyewe namjua kwa masikio yake, nikuambie nini? Akacheka kidogo. Akasema basi si wizi, ni kuazima jicho.

Na ndivyo ilivyokuwa, Dada, naapa kwa kaburi la mama yako. Sijawahi kumpa hatua. Nilikuwa namwambia tu yule mwingine kafanya nini, jambo ambalo kila mtu ukumbini alikuwa analiona bure.

Hatua ishirini na tano zilikwenda kama maji. Mimi nagonga, yeye anacheza, watazamaji wanadhani misumari imelegea. Jamaa mmoja mstari wa mbele akanitupia neno, eti fundi, unajenga nyumba huko? Nikamwambia naezeka kabisa, ukitaka chumba sema mapema. Watu wakacheka, Mjomba naye akatabasamu. Nikaanza kujiamini, na mimi nikijiamini ni kama kuku anayelala barabarani.

Hatua ya ishirini na sita Kimya akamrudisha malkia wake nyuma. Safu ya tatu, mstari wa saba. Nikamtundika. Nikagonga tatu. Nikatulia. Nikaanza ile ya mstari: moja, mbili, tatu, nne, tano, sita, na hapo nikasikia pumzi shingoni. Mwamuzi mkuu alikuwa amesimama nyuma yangu, karibu kiasi kwamba nilijua amekula kitunguu. Alikuwa ananyoosha shingo atazame ubao, au anitazame mimi, mpaka leo sijui. Mkono wangu ukafa hewani. Nikajifanya nakuna kichwa, nikashusha mkono, nikakaa. Pigo la saba sikulipiga.

Sasa nikueleze polepole, kama nilivyokuja kuelewa baadaye, maana hapa ndipo penyewe. Mjomba akasikia sita. Malkia akiwa mstari wa sita, farasi wa Mjomba anaweza kuruka katikati ya ubao akamshambulia, na malkia hawezi kumfanya kitu. Lakini malkia alikuwa wa saba, na kutoka pale wa saba anamwona farasi moja kwa moja, kwa mshazari, hana hata mlinzi. Mjomba akamchukua farasi wake kwa ule utulivu wake, akamweka katikati. Alidhani anamrukia malkia mgongoni, kumbe anamwekea chakula mdomoni.

Ukumbi ukasema aa! kwa pamoja. Mimi nikamtundika farasi, misumari nikaiona miwili miwili. Kimya akaweka mikono kichwani. Akafikiri dakika thelathini na nane. Mimi kila dakika nilikuwa nazeeka, nikiwa kwenye kiti changu karibu na feni, na baridi ya feni ikanishika kama niko mochwari. Kama angeogopa asile farasi, tungepona. Akamla.

Nikasimama, nikagonga tano, nikatulia, nikagonga tano. Nikaona mgongo wa Mjomba ukikakamaa. Kutoka mstari wa sita alipodhani yupo, malkia hawezi kufika pale. Haiwezekani, ni kama mtu alale chumbani aamke juu ya paa. Akajua kuna kitu kimeharibika. Hakugeuka kunitazama, angenitazama na nini? Alikaa dakika thelathini na moja, kidevu kifuani. Polepole, Grandimasta, bingwa mara tisa, akaubomoa ubao wote kichwani akaujenga upya, akatafuta malkia angekuwa wapi ndipo afike alipofika. Kisha akanyoosha mkono akacheza ngome. Hatua kumi na moja baadaye mfalme wa Kimya hakuwa na pa kukimbilia, kwa sababu malkia wake alikuwa ametoka nyumbani kwenda kula farasi na nyumba ikabaki wazi. Kimya akasimama, akampa mkono, machozi yanamtoka. Kwa mara ya kwanza tangu nimjue akaongea sentensi nzima, akasema Mwalimu, hiyo ndiyo hatua nzuri kuliko zote nilizowahi kuona.

Gazeti la Jumatatu likaandika farasi wa karne. Picha ya Mjomba ukurasa wa mbele. Wateja pale benki wakawa wananipa mkono. Nikauza miwani kumi na mbili siku moja, nikisema ndiyo aina anayovaa Grandimasta. Dada, usinitazame hivyo, nilikuwa najifariji.

Jumatano watu wa klabu ya Kimya wakaingiza mchezo ule kwenye mashine, ile kompyuta inayocheza chesi. Mashine ikafikiri, ikasema kumweka farasi pale ndiyo hatua bora kuliko zote. Basi! Wakasema hakuna kichwa cha mzee wa miaka sabini na moja kinachoweza kuona vile, hiyo ni hatua ya mashine. Wakatazama video ya ukumbi. Wakamwona Mlingoti anagonga. Wakasikia mapigo yanahesabika. Wakapeleka malalamiko kwa kamati, na kamati ikatuita wote wawili, Alhamisi ijayo saa tatu asubuhi, barua ina mihuri miwili. Wakithibitisha, cheo kinafutwa, picha yake inateremshwa ukumbini, na ule ubingwa wa mara tisa wanaanza kuuchunguza mmoja mmoja. Mimi barua inasema nitakabidhiwa kwa vyombo husika. Vyombo husika, Dada! Juzi askari kasimama kwenye sinia langu, nikampa miwani bure kabla hajafungua mdomo. Maskini alitaka kuuliza saa ngapi.

Tena nimesikia jambo moja limenichoma. Nilikwenda kwa mwamuzi mdogo, msaidizi wa yule mkuu, nikamuuliza kwa kuzunguka eti kama mchezaji haoni inakuwaje. Akaniambia mbona sheria ipo, asiyeona anapewa ubao wake wa kugusa na mtu wa kumtajia hatua kwa sauti, mbele ya wote. Yaani tulikuwa tunaiba kitu ambacho tungepewa bure kwa kuomba.

Sasa nikikuambia kwamba ninachokiogopa si kamati, utaniamini? Kamati naiogopa, usiku na mchana. Lakini kuna kingine.

Jioni ya ushindi, kabla ya gazeti na kabla ya mashine, Mjomba alioga, akaja mezani, akaniambia nimsomee karatasi mbili: yake aliyokuwa anaandika hatua, na nakala ya Kimya. Nikasoma. Ya Kimya hatua ya ishirini na sita inasema malkia, tatu, saba. Ya Mjomba, kwa ule mwandiko wake uliopinda, inasema malkia, tatu, sita. Akaweka kijiko chini. Akaniuliza kwa sauti ya kawaida kabisa, kama anauliza chumvi iko wapi. Akaniuliza mwanangu, uligonga sita au uligonga saba?

Dada yangu, uliniuliza kwenye simu mbona sauti yangu imepungua. Ni hapa ilipobakia. Nilimtazama nikaona hayo macho yaliyojaa maziwa yanatafuta uso wangu na kuupita kidogo pembeni. Nikafikiria chumba cha nyuma ninachokaa bure tangu mama yangu alipoolewa tena. Nikafikiria kwamba huyu ndiye mtu pekee aliyewahi kunipa kazi ya kweli, kazi ya kuwa jicho lake, na nimeikosea. Nikasema saba, Mjomba.

Akasema basi ni mimi.

Hakukasirika. Ningependa angekasirika. Akasema ndiyo, ni mimi, kichwa kimeanza kula hesabu. Leo kimekula pigo moja, kesho kitakula mfalme mzima. Akaniomba radhi kwa kuniuliza. Mimi, akaniomba radhi mimi.

Tangu siku hiyo baba yako anakwisha mbele yangu. Macho hayakumvunja, alikuwa na kile kichwa. Kutoka kitandani mpaka mlangoni ni hatua kumi na nne, alikuwa anatembea kama afande. Juzi asubuhi nimemkuta amesimama nusu ya njia, kashika ukuta, anauliza ni nane au tisa. Haniambii tena michezo ya zamani wakati ninapomnyoa. Nilimtajia lile onyesho la kitambaa, akasema huyo alikuwa mtu mwingine. Ukipiga simu anajikaza, anacheka, halafu akikata anakaa na simu mkononi dakika nzima kama anajaribu kukumbuka ni ya nini.

Na Jumanne akanifanya niandike barua. Yeye anasema, mimi naandika, kwa mwandiko huuhuu wa darasa la tano. Kwa kamati. Inasema kwamba hatua ile haikuwa ya mashine wala ya akili, bali ni kosa la mzee ambaye fahamu zake zimeanza kumwacha, kwamba hakumbuki vizuri, na kwamba anarudisha cheo chake cha Grandimasta mwenyewe kabla hajaaibika zaidi. Kuhusu macho hakusema. Anaona ni afadhali waseme amechanganyikiwa kuliko apelekwe kwenye kisu. Akaweka sahihi. Ilibidi nimshike mkono nimwonyeshe mstari. Barua iko mfukoni mwangu, Alhamisi niikabidhi.

Kwa hiyo mimi ndiye niliyekosea pigo, mimi ndiye niliyemdanganya, na mimi ndiye niliyeandika kwa mkono wangu kwamba kichwa chake kimekwisha. Kichwa chake ni kizima, Dada! Kizima kuliko vyote ninavyovijua. Mtu aliyeambiwa uongo katikati ya vita, gizani, akagundua kwa zile tano mbili tu kwamba ubao ni mwingine, akaujenga upya akashinda, huyo kichwa kimekula nini? Kila asubuhi naamka niende kumwambia. Nafika mlangoni, namsikia anahesabu hatua kwa sauti, nachukua sinia langu natoka. Naweza kumuuzia miwani mtu anayetoka kununua miwani. Neno saba kuwa sita siwezi kulitoa.

Karatasi yake ya hatua kamati imeshaichukua, na ile sita imeandikwa humo kwa mkono wake. Nimeiwaza sana. Ile sita ndiyo inayoweza kumwokoa. Mtu anayepewa hatua na mashine haandiki malkia pasipokuwa na malkia. Lakini karatasi haiwezi kusema yenyewe, lazima asimame mtu aseme mimi ndiye niliyegonga, na niligonga hivi, na nilikosea hivi. Mtu huyo ni mrefu na anatetemeka.

Nisalimie shemeji, mwambie bado ananidai kichekesho kimoja, nikija nitalipa. Wabusu watukutu wote wawili, yule mdogo mwambie jino likitoka alitunze. Mjomba anakusalimu sana, kila siku anakutaja, jana kauliza kama bado unafunga duka mapema siku za mvua.

Na sasa tuingie mkataba, mimi na wewe, maana bila mkataba mimi siwezi kufanya kitu, ndivyo nilivyoumbwa. Wewe uje Jumatano, usingoje Alhamisi. Usimwambie kwamba unakuja. Tutakaa mezani watatu, wewe utamshika mkono wa kushoto nami kwa aibu ya kukuona sitakimbia, nitamwambia sita. Kwa mdomo wangu, taratibu, mpaka asikie. Akinifukuza, usinitetee hata neno moja. Alhamisi nitaingia kwa kamati peke yangu kwanza, barua yake nitakuwa nimeichana, nitasema yote, na vyombo husika vinipeleke vinakotaka. Huo ndio upande wangu.

Upande wako ni kisu. Mimi siwezi kumwambia habari za daktari, ataona namlipa macho mapya kwa sababu mimi, jicho lake, nilimkosea. Mwambie wewe, mtoto wa yule aliyeingia robo saa asitoke. Wewe ndiye pekee mwenye haki ya kumwambia kwamba hata wewe unaogopa, na kwamba twende hivyohivyo na woga wetu. Mimi nitoe pigo langu, wewe utoe lako. Atakayeshindwa kusema Jumatano, anamuuguza mzee peke yake maisha yake yote, bila kulalamika, na hakuna rufaa.

Piga simu Jumatatu saa nne. Akiwa pembeni sema tu nimekubali. Usiposema, nitajua ni mimi peke yangu, na nitamwambia hivyohivyo. Ila, Dada, sema.

Ni mimi nduguyo,
Mlingoti